Frank Humplick na Santuri Zilizotoka Moshi

Mwaka 1950 mtafiti wa muziki Hugh Tracey aliwarekodi wasichana wa Kikipsigis, nchini Kenya, wakimwimba mtu waliyemwita Chemirocha. Huyo alikuwa Jimmie Rodgers, mwimbaji wa kantri wa Marekani aliyefariki mwaka 1933, ambaye santuri zake zilikuwa zimefika hadi malishoni mwao. Katika miaka hiyohiyo, chini ya Mlima Kilimanjaro, kijana mmoja wa Moshi alikuwa akijenga jina kwa muziki wa namna hiyo: gitaa kavu, kisa kifupi cha mapenzi, na sauti za ndugu zilizoshikana.

Kijana huyo ni Frank Humplick, aliyezaliwa mwaka 1927 kwa baba Mzungu na mama Mchagga. Aliimba na dada zake wawili, Thecla Clara na Maria Regina. Gitaa lilitangulia, Frank akaongoza, dada wakaitikia. Kwa Kiswahili chepesi waliimba mambo yanayomgusa kila mtu, na wimbo kama "Chaupele Mpenzi" ukaingia katika hazina ya zilizopendwa.

Biashara nayo ilikuwa tayari. Santuri zao zilitoka kwa nembo ya Gallotone ya kampuni ya Gallo, iliyoanzishwa Johannesburg mwaka 1926. Kila upande wa santuri ya mizunguko 78 ulibeba takriban dakika tatu tu, hivyo mtunzi alilazimika kusema neno lake haraka. Wanunuzi walikuwepo. Bei ya kahawa ilipanda mwanzoni mwa miaka ya 1950, na wakulima wa Kilimanjaro waliouza kupitia chama chao cha ushirika, KNCU, wakapata fedha za kusomesha watoto, kuezeka mabati na kununua gramafoni. Mwaka 1951 redio ya Dar es Salaam ilianza kurusha matangazo, na nyimbo zikawafikia hata wasio na santuri.

Nguvu ya nyimbo hizo ilionekana siasa zilipopamba moto. Frank alitoa wimbo ulioitaja Tanganyika na jirani zake, akajitangaza ndani yake kuwa mtu wa demokrasia. Serikali ya kikoloni iliupiga marufuku. Santuri inaweza kukamatwa. Wimbo uliokwisha kukaririwa hauna pa kukamatiwa.

Lakini umaarufu haukuwa utajiri. Desturi ya kampuni nyingi za wakati ule ilikuwa kumlipa msanii fedha za mkupuo siku ya kurekodi, na mauzo yaliyofuata yakabaki kwa mwenye mtambo. Tanzania ilipata sheria yake mpya ya hakimiliki, iliyozaa COSOTA, chombo cha kusimamia haki hizo, baadaye sana, mwaka 1999. Frank alifariki mwaka 2007. Baadaye nyimbo za Frank na dada zake zilikusanywa na kutolewa upya huko Marekani, wakati mjini kwao kijana anaweza kumaliza shule bila kulisikia jina lake.

Hilo ni deni letu. Familia za Kibosho, Machame, Marangu na Rombo zenye santuri za zamani zisizitupe. Zizipeleke zikanakiliwe kabla hazijapasuka. Na Manispaa ya Moshi, inayojivunia mlima na kahawa, impe Frank Humplick na dada zake nafasi katika historia yake.