Pombe haina mikono: Historia ya kisingizio tulichokizoea

Wakenya tuna msamiati mpana ajabu wa ulevi. Mtu huchapa mtindi, hubugia keroro, akapiga maji hadi akawa chakari. Hilo halinisumbui. Linalonikera ni la sarufi. Jamaa akimjeruhi mkewe usiku wa Jumamosi, Jumapili asubuhi utasikia majirani wakisema: "Pombe ndiyo ilimtuma." Au: "Ni pombe tu, yule si mtu mbaya."

Hebu tuichanganue kauli hiyo ya kwanza. Kiima ni pombe. Kitenzi ni kutuma. Mwanamume aliyeinua mkono amegeuka shamirisho, mtu wa kutumwa tu. Na mwanamke aliyepigwa je? Hayumo katika sentensi.

Ipo methali maarufu inayofuata njia tofauti: mgema akisifiwa, tembo hulitia maji. Tembo hapa ni kileo cha mnazi, si yule ndovu ambaye baadhi ya wanafunzi humfikiria. Katika methali hii mtenda ni mgema. Kileo kikiharibika, anayeulizwa ni mtu.

Nadhani mkazo huo ulilingana na jinsi pombe ilivyotumika katika jamii zetu nyingi. Kule Kaloleni, mwanaanthropolojia David Parkin aliwachunguza Wagiriama katika kitabu chake cha mwaka 1972 na kuonyesha kwamba mnazi ulikuwa kinywaji cha mashahidi. Waliokuwapo wakinywa wakati ardhi au minazi ikibadilisha mikono ndio walioitwa baadaye kuthibitisha mapatano. Jomo Kenyatta naye, katika kitabu chake cha mwaka 1938 kuhusu Wagikuyu, anaieleza pombe kama sehemu ya mazungumzo ya ndoa. Magharibi mwa Kenya wazee walizunguka mtungi mmoja wa busaa, kila mmoja na mrija wake. Ukinywa hivyo, anayekutazama ni shemeji, jirani au mzee wa ukoo. Kesho utaulizwa ulichosema na ulichotenda.

Tusidanganyane kwamba huo ulikuwa wakati wa amani tupu. Justin Willis, katika kitabu chake cha mwaka 2002 kuhusu historia ya vileo Afrika Mashariki, anatukumbusha kwamba udhibiti wa pombe ulikuwa pia udhibiti wa watu. Wazee walijitengea kinywaji na kuwanyima vijana. Wanawake ndio walioipika, lakini nafasi yao kwenye mtungi ilikuwa finyu. Mke aliweza kupigwa na mume mlevi, na vilevile na mume ambaye hajaonja hata tone. Hata hivyo, swali la nani anakunywa, lini na mbele ya nani lilikuwa na majibu yaliyojulikana.

Ukoloni ulikuja na jibu lake. Mkataba wa Brussels wa mwaka 1890 ulizuia pombe kali kuingizwa na kutengenezwa katika sehemu kubwa ya Afrika. Nchini Kenya, Mwafrika hakuruhusiwa kisheria kunywa bia ya chupa hadi miaka ya 1940, na pombe kali hadi miaka ya 1950. Mzungu alikunywa vyote hivyo klabuni mwake. Hoja iliyotumika ni kwamba Mwafrika akilewa hawezi kujizuia, hugeuka mtu wa fujo. Pombe hiyohiyo, kwa mmoja ni burudani, kwa mwingine ni hatari kwa usalama.

Wakati huohuo vijana walianza kulipwa mishahara mashambani, kwenye reli na mjini. Mwanahistoria Charles Ambler ameonyesha jinsi wazee na machifu walivyolalamika kwamba vijana sasa walijinunulia pombe bila kuomba ruhusa ya mtu. Malalamiko yao yaliafikiana na hofu ya maafisa wa kikoloni, na sheria zikaongezwa. Nairobi nayo ilifungua ukumbi wake wa pombe kule Pumwani, manispaa ikachuma fedha, huku wanawake waliopika majumbani wakikamatwa. Kosa kubwa likawa kupika na kunywa bila leseni. Kupiga mke kulibaki jambo la nyumbani.

Uhuru haukubadilisha mengi. Mwaka 1980 Bunge lilipitisha sheria ya kupiga marufuku chang'aa. Kwa miaka thelathini mama pima alicheza paka na panya na polisi, akiuza gizani, na mlevi akinywa harakaharaka gizani. Sheria ya mwaka 2010, tuliyoizoea kwa jina la Mututho, iliifuta ile ya 1980 na kuweka saa za kuuza. Katika historia yote hiyo serikali ilikimbizana na mtungi. Si ajabu basi kwamba nasi tumejifunza kuuona mtungi kuwa ndiye mshtakiwa.

Je, sayansi inasemaje? Mwaka 1969 Craig MacAndrew na Robert Edgerton walikusanya habari za jamii nyingi za dunia na kugundua kwamba watu wakilewa hawafanani. Kwingine walevi huimba, kwingine hulala, kwingine hupigana. Hata wanaopigana huchagua wa kumpiga na mahali pa kukomea. Mwaka 1975 mwanasaikolojia Alan Lang na wenzake nchini Marekani waliwapa wanaume vinywaji, baadhi vikiwa na vodka na vingine bila. Waliokuwa wakali zaidi ni wale walioamini kwamba wamekunywa pombe, hata kama glasi zao hazikuwa na kileo chochote. Imani peke yake ilitosha kuwapa ruhusa.

Sisemi kwamba pombe haina hatia. Utafiti wa baadaye umeonyesha kwamba kileo chenyewe huchangia: hulegeza sehemu ya mbele ya ubongo inayotuzuia kutenda kila linalotujia, na humfanya mtu aone tu kilicho mbele yake. Ripoti za kitaifa za afya na idadi ya watu nchini Kenya huonyesha mara kwa mara kwamba wanawake ambao waume zao hulewa sana ndio hudhulumiwa zaidi. Ripoti ya mwaka 2022 ilisema asilimia 34 ya wanawake wa miaka 15 hadi 49 walikuwa wamedhulumiwa kimwili tangu walipotimiza miaka 15. Kupunguza ulevi kutaokoa maisha.

Lakini mtazame mlevi anavyorudi nyumbani. Njiani anampita polisi, anamsalimu chifu kwa heshima, anamkwepa mwenye duka anayemdai. Haguswi mtu. Anafika kwake, anafunga mlango, ndipo pombe "inamtuma". Mbona haikumtuma kwa chifu?

Sheria zetu, kwa bahati nzuri, hazikubali kisingizio hicho kirahisi. Kifungu cha 13 cha Kanuni ya Adhabu kinasema ulevi si utetezi, isipokuwa pale mtu hakujua anachotenda au kwamba ni kosa, na ulevi wenyewe ulisababishwa na mwingine bila ridhaa yake, au alikuwa amepata wazimu. Mahakama huweza kuuzingatia inapopima kama alikusudia, na ndipo shtaka la mauaji wakati mwingine hushuka kuwa la kuua bila kukusudia. Hata hapo, mtenda ni mtu.

Barazani, kanisani na hata magazetini ndiko sarufi inakoteleza. Tunaandika "ugomvi wa ulevi wasababisha kifo" kana kwamba ugomvi ulishika panga. Mhasiriwa naye huambiwa avumilie, kwa kuwa mumewe "akiwa hajalewa hana neno". Wengi wamevumilia hadi kaburini.

Tuseme basi: alimpiga mkewe. Kiima ni yeye, na mke yumo katika sentensi. Kwamba alikuwa amelewa ni habari muhimu kwa daktari, kwa mshauri nasaha na kwa hakimu, na sarufi ina nafasi yake. Tuiweke kwenye kielezi.