Nani Msemaji katika Picha za Sinema?

Kutoka Kitale barabara yapanda Kapenguria, kisha yateremka nyika kavu ya Waturkana. Huko, katika miaka ya 1973 na 1974, David MacDougall na mkewe Judith walikaa na mzee mmoja tajiri wa mifugo, jina lake Lorang, wakiwa na kamera na chombo cha kunasa sauti.

Ili tuutambue upya wa kazi yao, yatupasa kurudi nyuma. Baina ya 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Meja Notcutt na wenzake walitengeneza filamu 35 za kuwafundisha Waafrika habari za kilimo, safura, na kuweka akiba posta. Waliotenda mbele ya kamera walikuwa Waafrika. Lakini shauri la nini kionyeshwe lilikuwa la wageni, na maneno yalitoka katika sahani za santuri. Mtu alionekana akitembea. Sauti haikuwa yake.

Akina MacDougall waliwaacha Waturkana waseme Kiturkana chao, na tafsiri ikaandikwa chini ya picha. Lorang, aliyewahi kuwa askari na kuiona dunia, aeleza mwenyewe kwa nini alirudia ufugaji. Katika filamu ya pili wazee wavutana juu ya mahari ya binti yake Akai, wala mtazamaji haambiwi nani ana haki. Katika ya tatu, wanawake waulizwa wangependa kipigwe picha kitu gani. Mwaka 1975 MacDougall aliandika akitaka sinema ya ushirika baina ya mpiga picha na mpigwa picha. Hata hivyo, kukata na kuunga picha kulibaki mikononi mwa wageni. Ushirika wao ulikuwa wa nusu njia.

Mwaka ule ule wa 1974, mwezi wa Desemba, jumba la makumbusho lilifunguliwa Kitale, likirithi vitu alivyovikusanya Kanali Stoneham. Vyombo vya kale vimetunzwa humo vizuri, lakini chungu hakisemi kilifinyangwa na nani.

Upande wa Bungoma mambo ni mengine, maana Wabukusu wana msemaji wao. Vita vya Chetambe vya mwaka 1895 viliandikwa kwanza na wale waliokuwa na bunduki. Kwa Wabukusu vilidumu katika vinywa vya wazee. Mzee mwenye heshima akisha kuzikwa, huitwa mwenye kipawa cha kuswala kumuse. Huyo hutembea uwanjani na fimbo yake, akitaja koo, uhamaji, vita na maonyo, na watu huketi kimya. Si kila marehemu hufanyiwa, wala si kila mtu aweza kusema.

Siku hizi hata simu ya mkononi yapiga sinema, na kijana wa Bungoma hahitaji kumngoja mgeni. Lakini msemaji wa kumuse hakatizwi njia, na mwenye kamera asipokubaliana na wazee mapema, hatajua hata pa kusimama.