Mradi Usiojua Kusimama: Karanga za Kongwa, 1946–1951

Kwenye karatasi, hesabu ilikuwa haina kasoro. Mashamba 107, kila moja ekari 30,000, jumla ekari 3,210,000. Gharama, takriban pauni milioni 24 kwa miaka sita. Mavuno, hatimaye tani 600,000 za karanga kila mwaka. Hivyo ndivyo serikali ya Uingereza ilivyoutangaza mradi wake wa karanga katika waraka wa Februari 1947: mashamba 80 yawe Tanganyika, katika maeneo ya Kongwa, Urambo na Jimbo la Kusini, na yaliyobaki yawe Kenya na Rhodesia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia. Miaka minne baadaye, Januari 1951, serikali hiyohiyo ilitangaza kwamba mradi umekwisha na kwamba pauni zipatazo milioni 36 zifutwe vitabuni. Tangu hapo jina la Kongwa hutajwa kila panapozungumzwa miradi iliyoanguka, na sababu inayotolewa hubadilika kulingana na msemaji: mmoja husema ukame, mwingine udongo, mwingine mitambo mibovu, mwingine kiburi cha kikoloni. Zote zina ukweli ndani yake, lakini hakuna hata moja inayoeleza kwa nini dosari iliyoonekana mwaka wa kwanza iliachwa ikalea hasara ya mwaka wa nne. Kongwa ilianguka kwa sababu mradi wenyewe uliundwa bila mahali pa kupokelea habari mbaya. Walikuwepo waliozijua habari hizo, walikuwepo wenye mamlaka ya kubadili mpango, na kati ya makundi hayo mawili hapakuwa na njia.

Tuanze na jinsi mpango ulivyozaliwa. Mwaka 1946 Uingereza ilikuwa imeshinda vita lakini ina njaa. Mkate wenyewe uliingizwa katika mgao mwezi Julai, na mafuta ya kupikia yalikuwa adimu. Machi ya mwaka huo Frank Samuel, mkuu wa United Africa Company, kampuni tanzu ya Unilever, alipeleka serikalini wazo la kulima karanga kwa mitambo Afrika Mashariki. Ukatumwa ujumbe wa watu watatu ukiongozwa na John Wakefield, aliyewahi kuwa mkurugenzi wa kilimo Tanganyika. Walizunguka kwa wiki tisa, sehemu kubwa kwa ndege, na Septemba ripoti ikawa tayari. Wiki tisa kwa ekari zaidi ya milioni tatu! Haiwezekani kuujua udongo wa nchi kubwa kiasi hicho kwa muda huo, na watu hao hawakuwa wajinga, walijua wanakisia. Tatizo ni kwamba kisio likishaandikwa kwa tarakimu kamili hupoteza sura ya kisio. Anayesoma ekari 3,210,000 hudhani mtu amezipima. Ripoti ilipofika mezani kwa waziri wa chakula, John Strachey, na kutoka hapo bungeni, kilichokuwa dhana kiligeuka ahadi, na ahadi ya serikali ni vigumu kuirudisha.

Kosa la pili lilikuwa la mfuatano wa kazi. Mradi wowote una vitu ambavyo haviwezi kuanza kabla ya vingine kukamilika, na kuujua mfuatano huo ndiyo nusu ya kazi ya msimamizi. Ili trekta lilime Kongwa, lilihitaji bandari ya kulishusha, reli ya kulipandisha bara, maji, mafuta, karakana, vipuri na fundi anayelifahamu. Dar es Salaam haikuwa na gati la maji ya kina kirefu. Shehena zilishushwa kwa matishari. Reli ya Kati ilikuwa njia moja tu, na ilikuwa na shehena zake za kawaida. Badala ya kujenga kwanza njia kisha kuleta mzigo, mzigo uliletwa kwanza. Kwa kuwa matrekta mapya hayakupatikana kwa wingi baada ya vita, yalinunuliwa yaliyokwisha kutumika, mengi yakiwa mabaki ya jeshi la Marekani kutoka Ufilipino, na baadaye vikaletwa hata vifaru vya Sherman vilivyogeuzwa matrekta. Kufikia kiangazi cha 1947 theluthi mbili ya matrekta yaliyoletwa yalikuwa hayafanyi kazi. Septemba hiyo makuli wa bandari ya Dar es Salaam waligoma kudai ujira unaolingana na kupanda kwa bei, mgomo ukasambaa kwenye reli, na Kongwa yenyewe ikaguswa kabla ya mwaka kwisha. Mpango ulikuwa umehesabu ekari na tani. Haukumhesabu mtu atakayebeba, atakula nini na kwa ujira gani.

Matokeo ya mwaka wa kwanza yalionekana wazi kwa kila mtu. Lengo lilikuwa kusafisha ekari 150,000. Zilizosafishwa hazikufika 10,000. Mibuyu ilikuwa mikubwa, lakini kilichotesa zaidi ni vichaka vilivyosongamana na mizizi yake iliyovunja majembe ya mitambo. Udongo wa Kongwa una mchanga mkali unaokula chuma, na mfinyanzi ambao mvua zikikatika hukauka ukawa mgumu kama sakafu, karanga zikabaki zimefungwa ardhini. Hapo ndipo palipokuwa pa kusimama. Usipoziba ufa utajenga ukuta, na huu haukuwa ufa wa kutafutwa kwa tochi. Kundi lililosafisha chini ya sehemu moja kati ya kumi na tano ya lengo lake limeshapata jibu la swali kubwa kuliko yote: mbinu hii, mahali hapa, haifanyi kazi kwa kasi hii. Lakini ndani ya mradi hapakuwekwa siku ambayo wahusika wangekaa na kuamua kama waendelee, wapunguze au waache. Machi 1948 uongozi ulitoka kwa United Africa Company, iliyokuwa ikiuendesha mradi, ukaenda kwa shirika jipya la umma, Shirika la Chakula la Ng'ambo, chini ya Leslie Plummer. Mabadiliko hayo yangeweza kuwa nafasi ya kutafakari upya, ila shirika lilipokezwa mradi pamoja na ahadi zake. Zaidi ya hayo, Wakefield na John Rosa, mwenzake katika ujumbe wa 1946, waliingizwa katika bodi, yaani wenye kuandika mpango wakawa miongoni mwa waamuzi wa mpango wao. Waliondolewa Novemba 1949, wakati mamilioni yamekwisha kuteketea.

Jambo lililoziba masikio zaidi ni kipimo. Kila mradi huishi kwa kile unachokihesabu. Kongwa ilihesabu ekari zilizofyekwa, kwa sababu ekari zilikuwa ndiyo ahadi iliyotolewa bungeni na zilikuwa rahisi kuripoti. Karanga zinazoliwa ni jambo jingine. Msimamizi anayepimwa kwa ekari atafyeka hata pale anapojua hapafai kupandwa, na ripoti yake itasomeka kama maendeleo. Mavuno ya kwanza yalikuwa kama tani 2,000 tu, pungufu ya mbegu zilizonunuliwa. Hata fedha hazikuwa na mlinzi thabiti: wakaguzi wa hesabu za shirika walieleza kuwa vitabu havikutunzwa ipasavyo. Mradi usiojua umetumia kiasi gani na umevuna kiasi gani hauna namna ya kujua kama unakwenda mbele au unarudi nyuma.

Pingamizi la kwanza ni la ukame. Wapo wanaosema kwamba mvua zingenyesha vizuri, historia ingeandikwa vingine. Hoja hii ingekuwa na nguvu kama ukame ungekuwa mgeni Ugogo, nchi ya Wagogo ilipo Kongwa. Wagogo walilima uwele na mtama na kufuga ng'ombe kwa sababu nchi yao imewafundisha kutoitegemea mvua. Njaa kuu ya Mtunya, iliyoanza mwishoni mwa Vita vya Kwanza vya Dunia, ilikuwa bado kumbukumbu hai kwa watu wazima wa mwaka 1947. Ujuzi huo ulikuwepo, haukugharimu hata senti, na ulikuwa hatua chache kutoka kambi ya mradi. Mpango unaosimama mwaka wa neema pekee haujapangwa. Wengine hugeuza hoja na kusema kwamba kwa ardhi ile hakuna msimamizi ambaye angefanikiwa. Nalo halisimami. Karanga zinalimwa na wakulima wadogo mkoani Dodoma mpaka leo, na wilaya ya Kongwa ina soko la mahindi la Kibaigwa linalojulikana ndani na nje ya nchi. Ardhi ilikuwa na masharti yake. Mradi ulikataa kuyasoma.

Pingamizi la pili ni la haraka: watu wana njaa, nani ana nafasi ya kujaribu shamba dogo misimu miwili? Ni hoja ya kibinadamu na haifai kudharauliwa. Hata hivyo tuipime kwa kalenda. Misimu miwili ya majaribio ingekwisha mwaka 1949. Bila majaribio, mradi ulifika 1951 na hakuna karanga za maana zilizofika Uingereza. Haraka haikuokoa hata mwezi mmoja. Na mfano wa mwendo mwingine ulikuwa ndani ya Tanganyika yenyewe. Mwaka 1893 Richard Hindorf aliagiza miche 1,000 ya mkonge kutoka Florida. Iliyofika hai ilikuwa 62. Ilipandwa karibu na Pangani, ikaangaliwa, ikazalishwa, na kufikia 1898 kulikuwa na mimea kama 63,000. Kutokana na mwanzo huo zao la mkonge lilikua hata likaifanya Tanganyika mzalishaji mkubwa kupita wote duniani. Sisemi kwamba mashamba ya mkonge yalikuwa na haki. Jasho la manamba, vibarua wa mashamba hayo, lina historia yake chungu. Nasema tu kwamba mmea ulithibitishwa kabla ya kutandazwa. Vivyo hivyo kule Gezira, Sudan, kilimo cha pamba cha umwagiliaji kilianza na shamba la majaribio la Tayiba mwaka 1911, na bwawa la Sennar lilikamilika mwaka 1925 tu, pale walipokwisha kujua maji, udongo na mkulima vinapatanaje.

Pingamizi la tatu ndilo zito. Mtu anaweza kusema: Kongwa haikukosa usimamizi, ilikuwa nao kupita kiasi. Kulikuwa na bodi London, meja jenerali Kongwa, idara, maofisa, ripoti na waraka juu ya waraka. Kama vyeo na mafaili vingetosha, karanga zingeota. Nakubali ushahidi, nakataa hitimisho. Kilichokuwepo kwa wingi ni amri, na amri husafiri kutoka juu kwenda chini. Hata walioajiriwa waliitwa jeshi la karanga, na jina lilisema kweli: jeshi hupewa eneo la kuteka, wala haliulizi kama eneo lenyewe lina faida. Usimamizi ni kitu kingine, na Kiswahili kimeuhifadhi vizuri ndani ya neno lenyewe. Kusimamia ni kusimama penye kazi, kuona kwa macho, na kuwa na uwezo wa kuisimamisha inapobidi. Wafanyakazi wa Kongwa hawakukosa akili wala ubunifu. Ni uwandani ndiko ilikotumika mbinu ya kuburuta mnyororo wa nanga ya meli kati ya matrekta mawili ili kulaza vichaka. Kujifunza kulikuwepo. Kilichokosekana ni ngazi ya kulipandisha lililojifunzwa hadi pale mpango ulipoandikwa, likaufuta mstari mmoja na kuandika mwingine.

Kutokana na hayo, tiba ya miradi ya leo, iwe ya kufunga mfumo wa kompyuta ofisini, kujenga zahanati ya kata au kuanzisha kiwanda, haianzii kwenye chati nzuri wala programu ya gharama kubwa. Inaanzia kwenye mambo machache ambayo Kongwa iliyakosa yote kwa pamoja. Andika bayana kipi umekijua na kipi umekikisia, ili kisio lisivae joho la hakika. Jaribu padogo kabla ya papana. Panga kazi kwa mfuatano wake, karakana itangulie trekta. Pima zao, usipime pilikapilika. Mtathmini wa mpango asiwe mtunzi wake. Kisha weka tarehe ya kusimama tangu siku ya kwanza, na kiwango ambacho kisipofikiwa mradi utabadilishwa au kufungwa. Ukingoja hasara itokee ndipo ujadili kuacha, aibu itakuwa imeingia kikaoni na itapiga kura. Siasa haziondoki kwa masharti haya, lakini waziri aliyekubali mapema kwamba jaribio linaweza kushindwa ana njia ya kurudi bila kufedheheka. Strachey hakuwa nayo, kwa hiyo alitetea ekari ambazo hazikuwepo.

Wahenga walisema mipango si matumizi, na Kongwa imeacha ushahidi wake juu ya ardhi. Sehemu ya nchi iliyofyekwa iligeuzwa ranchi ya ng'ombe, matumizi ambayo Wagogo wangeyashauri tangu mwanzo. Miaka ya 1960 majengo yaliyoachwa karibu na kituo cha reli yalipokea wapigania uhuru wa kusini mwa Afrika, na Nachingwea, iliyotengewa karanga za Jimbo la Kusini, ikawa kambi ya mafunzo ya FRELIMO, chama cha wapigania uhuru wa Msumbiji. Bandari ya Mtwara, iliyojengwa kwa ajili ya mradi huo, bado inafanya kazi, ilhali reli yake iliyofika Nachingwea iling'olewa. Vyote hivyo havikuwemo katika hesabu ya mashamba 107. Pangani walianza kwa kuhesabu miche iliyo hai, wakapata 62, na wakaikubali hesabu hiyo ndogo kuwa ndiyo ukweli wa kuanzia. Kongwa walikuwa na ukweli wao pia mwishoni mwa 1947, ekari zisizofika 10,000. Tofauti ya matokeo ya mahali hapo pawili inaanzia kwenye nani aliruhusiwa kuitamka hesabu hiyo, na nani alilazimika kuisikia.