MELI ZENYE KUBEBA NDEGE: VITA VYA JAPANI NA FUNZO LAKE KWETU

Leo tutasafiri mbali, mpaka Japani, inchi ya visiwa upande wa jua kutokea. Tutaongea juu ya ndege za vita na meli kubwa zilizozibeba baharini. Pengine utajiuliza: sisi watu wa Kivu na Katanga, meli za namna ile zinatuhusu nini? Ngoja kidogo. Kabla ya mwisho utaona kwamba udongo wa inchi yetu uliingia katika habari hii, tena kwa njia ya uchungu.

Kwanza tuelewane. Meli yenye kubeba ndege ni kiwanja cha ndege kinachoelea juu ya maji. Juu yake kuna sakafu tambarare. Katika zile kubwa, sakafu hiyo ilipita urefu wa viwanja viwili vya mpira. Ndege zinaruka pale, zinakwenda kutupa mabomu mbali sana, kisha zinarudi kutua. Chini ya sakafu kuna ghala la ndege, mafuta, mabomu na vyumba vya watu zaidi ya elfu moja. Nguvu yake ni kumpiga adui asiyeiona. Ubaya wake ni kwamba mafuta, mabomu na watu wanalala katika nyumba moja. Moto ukiingia, hakuna pa kukimbilia.

Walivyojifunza

Wajapani walianza mapema. Katika mwaka wa 1914, meli yao Wakamiya ilibeba ndege za kutua juu ya maji kwenda kuwapiga Wadachi kule Tsingtao, China. Katika mwaka wa 1921 walimu Waingereza walifika Japani kufundisha piloti wa baharini. Mwezi wa 12 mwaka 1922, Japani ilimaliza meli Hōshō. Hiyo ndiyo meli ya kwanza duniani iliyomalizwa ikiwa imepangwa tangu mwanzo kubeba ndege. Shika jina hilo, Hōshō, maana tutalirudilia.

Mwaka ule ule wa 1922, inchi kubwa zilitia sahihi mapatano kule Washington kusudi zipunguze manowari. Kwa manowari kubwa za mizinga, Marekani na Uingereza walipewa sehemu 5 kila mmoja, Japani sehemu 3. Mapatano yalizuia matumizi mengi ya bure. Lakini wakubwa wengine wa jeshi la Japani walisema: tumezarauliwa. Neno hilo, «tumezarauliwa», lilipandwa kama mbegu, likamea. Meli mbili kubwa, Akagi na Kaga, zilizokuwa zikijengwa kwa kubeba mizinga, zikageuzwa kubeba ndege.

Kutoka mwaka 1937, Japani ilipigana vita vikubwa na China. Kati ya 1938 na 1943 ndege zake zilitupa mabomu juu ya mji wa Chongqing mara nyingi, na maelfu ya raia walikufa. Wale hawakuwa askari. Walikuwa watu wa sokoni, wamama na watoto.

Ndege iliyovutwa na ng'ombe

Katika kompani ya Mitsubishi, mji wa Nagoya, kulikuwa na fundi kijana, jina lake Jiro Horikoshi. Jeshi la baharini lilimwomba ndege yenye kwenda mbali, yenye mbio, yenye kugeuka upesi. Yeye na wenzake wakaitengeneza kwa madini mepesi, wakiondoa kila kilo isiyo ya lazima. Kiwanda hakikuwa na kiwanja cha ndege karibu. Basi ndege mpya, ya akili nyingi kupita zote za Japani, ilibebwa vipande vipande juu ya magari ya kuvutwa na ng'ombe, polepole, mpaka kiwanja cha Kagamigahara. Iliruka mara ya kwanza tarehe 1 mwezi wa 4, 1939. Watu waliiita Zero.

Zero ilishangaza dunia. Lakini wepesi ule ulikuwa na bei. Haikuwa na chuma cha kumkinga piloti, wala tanki lake la esansi halikukingwa na risasi. Risasi chache tu, ndege inawaka. Yaani waliohesabu kilo hawakuhesabu sana uhai wa kijana aliyekaa ndani.

Siku ya yenga asubuhi

Mkubwa wa manowari za Japani alikuwa Amirali Isoroku Yamamoto. Huyu alisoma Marekani, aliona viwanda vyake kwa macho yake, akajua kwamba vita virefu na inchi ile vitaishinda Japani. Alikataa urafiki wa vita na Hitler. Lakini katika mwaka wa 1941, wakati Marekani ilipokata kuuzia Japani mafuta kwa sababu ya vita vyake Asia, wakubwa walichagua vita, na Yamamoto ndiye aliyetengeneza mpango wa kuanza. Tazama jambo hili: mtu anajua kwamba barabara inakwenda shimoni, lakini anakubali kushika usukani.

Tarehe 7 mwezi wa 12, 1941, siku ya yenga, meli sita zenye kubeba ndege zilituma ndege karibu 350 juu ya Pearl Harbor, katika visiwa vya Hawaii. Wamarekani 2,403 walikufa. Lakini meli za Marekani zenye kubeba ndege hazikuwa pale siku ile.

Kwa miezi michache Japani ilishinda kila mahali. Mwezi wa 4 mwaka 1942 meli zake zilifika bahari ya Hindi, zikapiga Colombo na Trincomalee, zikazamisha Hermes, meli ya Waingereza yenye kubeba ndege. Waingereza wakapeleka manowari zao nyingi Kilindini, Mombasa. Ndivyo moto wa mbali ulivyokaribia pwani ya Afrika. Baadaye vijana wa Kenya, Uganda na Tanganyika walipelekwa Burma kupigana na Wajapani, na Wakongomani wa Force Publique walikwenda kule kuuguza waliojeruhiwa. Wazee wetu hao walivuka bahari kwa ugomvi ambao hawakuuanza.

Redio iliyosema uongo

Tarehe 4 mwezi wa 6, 1942, karibu na kisiwa cha Midway, mambo yaligeuka. Wamarekani walikuwa wamekwisha kusoma maandiko ya siri ya Wajapani, wakawavizia. Ndege za Japani zilikuwa ndani ya meli zikijazwa mafuta na kufungiwa mabomu, ndege za Marekani zikashuka kutoka juu. Kwa dakika chache tu, Akagi, Kaga na Sōryū ziliwaka. Mangaribi Hiryū pia ikawaka. Wajapani zaidi ya 3,000 walikufa, na Wamarekani karibu 300.

Sasa sikiliza, wewe unayependa redio. Serikali ya Japani ilitangaza kwamba wameshinda. Waliojeruhiwa walifichwa katika hospitali, mbali na watu, kusudi wasiseme. Wamama waliendelea kungojea watoto wao waliokwisha kuzama. Na kwa sababu watu hawakujua ukweli, hakuna aliyeweza kuuliza: tusimame sasa? Vita viliendelea miaka mitatu mingine, na Wajapani wengi sana walikufa katika miaka hiyo. Sisi wa Maziwa Makuu, tangu mwaka 1994, hatuna lazima ya kufundishwa redio inaweza kufanya nini katika mikono mibaya.

Vijana waliotumwa bila kurudi

Piloti mwema anafundishwa kwa miaka. Japani ilikuwa na piloti wachache, wenye ufundi mkubwa, na wengi walikwisha kufa. Mwezi wa 6 mwaka 1944, katika bahari ya Ufilipino, ilipoteza meli tatu zenye kubeba ndege na ndege mia kadhaa. Wengi wa piloti walikuwa wageni wa kazi. Mwezi wa 11 mwaka ule meli Shinano, kubwa kupita zote za wakati ule, ilizamishwa na meli ya kwenda chini ya maji siku kumi tu baada ya kupokelewa na jeshi. Haikupigana hata mara moja. Kazi ya miaka, chuma cha inchi nzima, na watu zaidi ya 1,400: vyote chini ya maji.

Katika mwaka ule ule Amirali Takijirō Ōnishi alianzisha njia nyingine. Piloti atie bomu katika ndege yake, ajigonge nalo juu ya meli ya adui. Waliita kamikaze, maana yake upepo wa Mungu, kwa kukumbuka tufani zilizovunja meli za Wamongolia katika miaka ya 1274 na 1281. Karibu vijana 4,000 walikufa hivyo. Wengi walikuwa wanafunzi waliotolewa shuleni. Walisema kwamba ni kwa kujitolea. Lakini kijana wa miaka 19, amesimama katikati ya wenzake, mkubwa wake anamtazama, atasema «hapana» kwa kinywa gani? Barua zao zingali zinalindwa kule Chiran, katika nyumba ya makumbusho. Wengi waliandikia mama zao.

Ōnishi alijiua mwezi wa 8 mwaka 1945, siku moja baada ya Japani kutangaza kushindwa. Aliacha barua ya kuomba msamaha kwa vijana wale na jamaa zao. Msamaha ulifika, lakini wenye kuupokea walikuwa makaburini.

Udongo wa Katanga

Usiku wa tarehe 9 kuamkia 10 mwezi wa 3, 1945, ndege za Marekani ziliteketeza Tokyo kwa moto. Watu karibu 100,000 walikufa kwa usiku mmoja. Tarehe 6 mwezi wa 8 bomu moja liliangushwa juu ya Hiroshima, na kufika mwisho wa mwaka watu karibu 140,000 walikuwa wamekufa. Tarehe 9 ilikuwa zamu ya Nagasaki.

Sehemu kubwa ya uraniumu iliyotumiwa katika kazi ya kutengeneza mabomu hayo ilichimbwa Shinkolobwe, Katanga, katika mgodi wa Union Minière. Wachimbaji wetu hawakuambiwa madini yale yanakwenda kufanya nini. Walibeba mawe, wakalipwa kidogo, wakarudi nyumbani. Ndiyo maana nilikuambia ungoje. Mtu wa Hiroshima na mtu wa Shinkolobwe hawakujuana kamwe, lakini vita viliwafunga kwa kamba moja.

Meli iliyorudisha watu

Sasa turudi kwa Hōshō. Meli ile ya kwanza haikuzama. Kisha vita, iliondolewa ndege, ikatumwa kwenda na kurudi kati ya visiwa vya mbali na Japani, ikirudisha nyumbani watu karibu 40,000, askari na raia. Sakafu iliyotuma ndege za kuua ikawa mahali pa watu wenye njaa kulala wakielekea kwao. Kazi ilipokwisha, wakaikata vipande.

Mafundi nao waligeuka. Tadanao Miki alikuwa amechora Ohka, ndege ndogo ya kujiua. Baada ya vita aliingia kazi ya reli, na ufundi wake wa kupasua upepo ulisaidia kutoa umbo la Shinkansen, treni ya mbio iliyoanza mwaka 1964. Mwingine, Tadashi Matsudaira, aliyechunguza mtetemeko uliovunja ndege za Zero, alitumia akili ileile kusudi treni isitetemeke. Akili ni ileile, mikono ni ileile. Bwana waliyemtumikia ndiye aliyebadilika.

Sheria kubwa ya Japani ya mwaka 1947, katika kifungu cha 9, ilikataa vita. Tusidanganyane lakini: habari haijakwisha. Katika mwaka wa 2018 serikali ya Japani iliamua kutengeneza meli mbili upya kusudi ziweze kupokea ndege za vita, na moja inaitwa tena Kaga. Wajapani wenyewe wanabishana juu ya jambo hilo. Wanaweza kubishana wazi, na hilo peke yake ni tofauti kubwa na mwaka 1942.

Mpenzi msomaji, mimi sikukuambia haya kusudi umchukie Mjapani ao Mmarekani. Nilitaka uone namna vita vinavyokula: vinaanza kwa neno «tumezarauliwa», vinalishwa na uongo, na vinamaliza kwa watoto wa watu wengine. Siku mtu atakapokuja katika mtaa wako kutafuta vijana, mwulize maswali mawili: ukweli uko wapi, na mtoto wako mwenyewe yuko wapi?

Maswali ya kuongea katika kikundi

1. Yamamoto alijua kwamba vita ni kosa. Angefanya nini? Na sisi, tunapojua kiongozi wetu amekosa, tunafanya nini?
2. Katika mtaa wenu, habari ya vita inafika kwa njia gani? Mnaihakikisha namna gani?
3. Ni kazi gani ya amani ambayo kijana aliyetoka katika vita anaweza kufanya kwa ufundi aliojifunza kule?

Tutaonana tena katika mazungumzo mengine. Kaeni kwa amani.