Bawabu na Tarjumani

Mwaka 1983, katika mji wa Cambridge, Uingereza, wahandisi wa kampuni ya Acorn, Sophie Wilson na Steve Furber wakiwa vinara wao, walianza kusanifu prosesa ya amri chache na nyepesi, nayo ikafanya kazi kwa mara ya kwanza tarehe 26 Aprili 1985; na yasimuliwa kwamba Furber, alipotaka kupima umeme inaoula, aliona kipimo kimesimama kwenye sifuri, kumbe njia yake ya umeme haikuwa imeunganishwa, na prosesa ile ilikuwa ikijiendea kwa umeme haba uliopenya katika nyaya za ishara. Hiyo ndiyo ARM, ambayo kwa uchache wa ulaji wake ilikuja kutamalaki simu za mkononi ulimwenguni.

Amma maofisi yalibaki katika himaya ya prosesa za Intel, na kwa lugha ya prosesa hizo ziliandikwa programu za ulinzi, ambazo aghalabu hazikukaa barazani pamoja na programu nyingine, bali ziliweka draiva zao ndani ya kiini cha mfumo, mithili ya bawabu alalaye chumba cha ndani, ili faili lisifunguliwe ila amelikagua kwanza.

Microsoft ilipotoa Windows RT kwa ajili ya prosesa za ARM mwaka 2012, programu za mezani za makampuni mengine hazikuruhusiwa kuingia, na bawabu akawa ni wa Microsoft peke yake. Baadaye waliletwa matarjumani: Windows 10 ya ARM ilifasiri programu za biti 32, Windows 11 ikaongeza za biti 64 mwaka 2021, na Apple, ilipotoa prosesa yake ya M1, ya jamii ya ARM, mwaka 2020, ikaifuatanisha na Rosetta 2. Walakini tarjumani hukoma sebuleni, kiini hakiingii. Basi mhasibu aliweza kuendelea na daftari zake za zamani kwenye kompyuta mpya, hali bawabu wake amezuiliwa mlangoni mpaka draiva yake iandikwe upya kwa lugha ya ARM.

Apple, tangu mwaka 2019, ilikwisha kumtengea bawabu chumba nje ya kiini, apelekewe habari pale alipo. Busara ya shauri hilo ilidhihirika tarehe 19 Julai 2024, pale sasisho moja lenye kasoro la kampuni ya ulinzi ya CrowdStrike, ambayo draiva yake hukaa ndani ya kiini cha Windows, lilipoziangusha kompyuta zipatazo milioni 8.5: mwizi hakuingia, na nyumba iliangushwa na mlinzi wake.