Rashidi Kawawa: Mwigizaji Aliyesoma Tabora

Kabla ya kuitwa Simba wa Vita, Rashidi Mfaume Kawawa alikuwa mwigizaji wa sinema. Alisoma Shule ya Serikali ya Tabora, kisha mwanzoni mwa miaka ya 1950 akawa mhusika mkuu wa filamu ya Kiswahili, Muhogo Mchungu, inayosimulia mtu wa shamba anayeingia mjini.

Enzi hizo gari la sinema lilifuata watu walipo. Kitambaa cheupe kilitundikwa, giza likaingia, na watazamaji waliokaa chini wakamsikia mwenzao akizungumza lugha yao.

Kawawa hakuishia kwenye sinema: mwaka 1955 alikuwa katibu mkuu wa Shirikisho la Wafanyakazi Tanganyika. Januari 1962 akawa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Tumkumbuke kama msanii pia.