Mdakaji wa Trinidad: Maisha ya Learie Constantine



Mwenye kuandika hesabu za kriketi ana daftari lake. Humo huandika mikimbio aliyopata mshika gongo, na wiketi alizoangusha mtupaji mpira. Lakini yule asimamaye uwanjani kuuzuia mpira usipite, akakimbia, akajitupa chini, akaurudisha kabla adui hajapata nafasi, huyo hana safu yake katika daftari, ila pale tu anapoudaka mpira hewani. Basi ni ajabu kwamba mtu aliyesifiwa sana katika zama zake kwa kazi hiyo isiyoandikwa angali akikumbukwa. Jina lake Learie Constantine.

Alizaliwa tarehe 21 Septemba 1901 katika kisiwa cha Trinidad, koloni la Waingereza. Kwa upande wa mama alitoka katika uzao wa watumwa. Baba yake, Lebrun, alikuwa msimamizi katika shamba la kakao, naye alikuwa mchezaji hodari. Mwaka 1900 Lebrun alichaguliwa kwenda Uingereza pamoja na timu ya visiwa vya West Indies, lakini hakuwa na uwezo wa kujigharimia safari. Siku ya meli kuondoka alionekana mjini akizurura. Watu wakachanga fedha papo hapo, wakakodi mashua ya mbio, nayo ikaifikia meli iliyokwisha kung’oa nanga. Safari hiyo Lebrun alipata mikimbio 113 katika uwanja wa Lord’s, London. Chama kinachoishi kwa michango, kama hiki chetu, hakina haja ya kuelezwa maana ya mashua ile.

Nyumbani jamaa walikuwa na uwanja wao wenyewe, na mtoto alifundishwa kudaka tangu alipoweza kusimama. Alipokuwa kijana alifanya kazi ya ukarani kwa mawakili, akitamani kuwa wakili mwenyewe. Ila rangi yake haikumpa tumaini kubwa. Hata mchezo ulikuwa umegawanyika, kila klabu na rangi yake na cheo chake, na yeye akawa wa Shannon, klabu ya waalimu na makarani weusi. Wazee waliokaa Nairobi siku za ukoloni hawatashangaa, maana huko nako Wazungu na Wahindi walicheza kriketi kila watu na klabu yao.

Mwaka 1923 alikwenda Uingereza kwa mara ya kwanza, na Waingereza wakaanza kusimulia mikono yake. Aliporudi mwaka 1928 alionyesha mengine. Mwezi wa Juni, katika uwanja uleule wa Lord’s, timu ya Middlesex ilikuwa imewashika wenzake kooni. Constantine akapata mikimbio 86 kwa muda usiotimia saa moja. Kisha akaangusha wiketi 7. Halafu akapata mikimbio 103, na ushindi ukawa wao. Mwaka 1930, mjini Georgetown, West Indies waliishinda Uingereza kwa mara ya kwanza katika mchezo mkuu wa kimataifa, naye aliangusha wiketi 9. Katika michezo yake 18 ya namna hiyo alidaka mipira 28.

Tangu mwaka 1929 alichezea mji wa Nelson, mji wa viwanda vya pamba kule Lancashire. Katika misimu 9 timu hiyo ilitwaa ubingwa mara 7, wala haikupata kushuka chini ya nafasi ya pili. Watoto wa mji walikuwa hawajapata kumwona mtu mweusi, wakamkodolea macho. Baadaye wakawa wanajivunia kuwa ni wao. Alikaa hapo miaka 20.

Sasa twaja kwenye jambo lililonifanya nimchague yeye kwa kurasa hizi. Wakati wa Vita Kuu ya Pili Serikali ya Uingereza ilileta mafundi kutoka West Indies wafanye kazi katika viwanda vya Liverpool na sehemu za karibu, na Constantine akawekwa kuwa afisa wa ustawi wao. Aliwatafutia malazi. Aliwaendea wenye viwanda waliokataa kuajiri mtu mweusi, akaongea nao kwa upole, na upole uliposhindwa akatumia nguvu ya Wizara ya Kazi. Aliwasikiliza vijana waliokumbwa na baridi na matusi. Kazi hii nayo haina safu katika daftari: kijana aliyepata chumba hahesabiwi, na ugomvi uliozimwa mapema hauna tarehe.

Mwaka 1943 alipewa ruhusa kwenda London kuongoza timu katika uwanja wa Lord’s. Alikuwa amekwisha kuweka nafasi katika Imperial Hotel kwa usiku nne, yeye, mkewe Norma na binti yao. Walipofika waliambiwa watalala usiku mmoja tu, kwa kuwa wageni wa Kimarekani hawatapenda. Mtu ambaye maelfu wangelipa kiingilio kumtazama alikataliwa kitanda! Hakupigana, alikwenda mahakamani. Mwezi wa Juni 1944 Jaji Birkett aliamua kwamba hoteli ilivunja wajibu wake wa kumpokea msafiri, akampa gini 5. Fedha ni kidogo, na sheria ya kukataza ubaguzi haikuja Uingereza mpaka 1965. Lakini tangu siku ile hukumu ilikuwako ya kushikwa mkononi.

Uwakili alioutamani ujanani aliupata mwaka 1954, mwaka uleule alipotoa kitabu chake juu ya ubaguzi wa rangi. Akarudi kwao, akawa waziri, kisha balozi wa Trinidad na Tobago mjini London. Mwaka 1969 alifanywa mtu mweusi wa kwanza kuwa lodi wa maisha katika Bunge la Uingereza, akachagua kuitwa Baroni wa Maraval na Nelson, yaani kijiji alichokulia na mji wa pamba. Alifariki London tarehe 1 Julai 1971. Mwili wake ulirudishwa Trinidad, akazikwa Arouca kwa heshima za taifa.